Fishi Yenye Kona Iliyokunjwa

Mimi si mtu wa hasira. Wanaonijua, kuanzia Kingi nilikozaliwa hadi huku upande wa Kashebere ninakofanya kazi ya uuguzi, watakuambia kwamba ukiniuliza jambo mara tano nitalieleza mara tano, na mara ya tano nitakuongezea mfano. Lakini hasira hii ninayo tangu mvua za mwaka jana, na nimeona kwamba nisipoiandika nitaanza kuwafokea akina mama wasio na kosa. Kwa hiyo nitaieleza kama ninavyoeleza dawa, polepole, kuanzia mwanzo.

Kituo chetu cha afya kina vyumba vitatu vya mbao na paa la bati. Muuguzi aliyenifundisha kazi hapa hakuzipanga fishi, karatasi za habari za wagonjwa, kwa majina. Alizipanga kwa nyumba. Kila nyumba ya kilima hiki ilikuwa na bahasha yake, na bahasha zilikaa ndani ya katoni za sabuni, zimepangwa kama nyumba zenyewe zilivyopangana, kuanzia mtoni kwenda juu. Ndani ya bahasha kulikuwa na fishi ya baba, ya mama, ya kila mtoto, na ya bibi kama yupo. Akija mtoto anayeharisha, hukutoa karatasi yake peke yake, ulitoa nyumba nzima. Uliona kwamba dada yake aliharisha juma lililopita, ukauliza wanachota maji wapi. Baadaye nilisikia wakubwa wakiita jambo hilo tiba ya familia. Sisi tuliliita kufungua bahasha.

Na kulikuwa na wageni. Watu wa kwetu hukimbia. Mwaka huu watu wa Kashuga wanakimbilia kwetu, mwaka ujao labda sisi tutakimbilia kwao. Mgeni akifika hupewa kona ya nyumba ya kulala na kipande cha shamba apande maharagi, na kituoni alipewa fishi yake, ikawekwa nyuma ya bahasha ya nyumba iliyompokea, kona ya juu imekunjwa. Kukunja huko kulikuwa na maana yake: huyu anakula kwenye nyumba hii, lakini mwili wake una safari yake, usiuchanganye na wa wenyeji.

Ilibidi tukunje, maana mdomoni mgeni na mwenyeji hawatofautishwi. Huku, mtoto anayelala chini ya paa lako ni wako. Ukimuuliza mama wa nyumba ana watoto wangapi atawahesabu na wa mgeni, na hakudanganyi. Kumruka mmoja katika kuhesabu ni aibu ileile ya kupakua chakula ukaruka sahani ya mmoja. Atakuambia, "Njo batoto ya nyumba," yaani ndio watoto wa nyumba, na habari imekwisha.

Mpango mpya ulipokuja mimi niliufurahia kuliko wote, na hilo nalisema ili usinidhanie kuwa mtu wa zamani anayechukia mashine za kioo. Walituletea pano ya jua ya kutoa umeme, wakatuletea tableti, kile kioo cha kugusa kwa kidole, na kila nyumba ikapewa karte moja, kadi yenye mraba wa vidoti vyeusi. Ukionyesha tableti ile karte, nyumba inafunguka: watu wote, magonjwa yao yote, dawa zao zote. Na katika kioo hicho hicho anatokea daktari aliyeko Goma, daktari wa nyumba hiyo, yuleyule kila mara. Watu ambao hawakuwahi kukaa mbele ya daktari wakawa na wa kwao, anayewasalimia kwa jina na kuuliza kama goti la bibi limepoa. Nilizunguka mlima mzima kuwaeleza. Nilisimama baada ya misa, nilisimama sokoni, niliingia jikoni kwa watu. Niliwaambia mashine haina uchawi, inakumbuka tu kile inachoambiwa.

Mama mmoja, mwenye nyumba ya tatu juu ya mto, mwanamke mrefu anayelima maharagi na mihogo na ambaye kijiji kizima kinauogopa ulimi wake, alijibu maswali ya tableti siku ya kwanza mpaka akachoka.

"Mama munganga," akaniambia, maana huku hata muuguzi huitwa munganga, "iyi mashini inauliza kupita mama mukwe. Bado tu kuniuliza kama niliweka chumvi mu maharagi."

"Itafika huko," nikamwambia. "Jibu tu vizuri."

"Mama mukwe miye nilimushinda. Na iyi nitaishinda."

Daktari wa kwenye kioo alicheka sana. Nami nilicheka.

Sasa sikiliza sehemu inayonichoma. Kuandikisha nyumba kulifanyika kwa siku tatu. Siku tatu, katika nchi ambapo watu huamka na mikeka kichwani. Aliyekuwepo aliandikwa, na orodha ikafungwa. Majuma machache baadaye watu wa kutoka upande wa Kashuga wakatufikia, wengi, wakaingia kwenye nyumba za watu kama kawaida, na nyumba zikawapokea kama kawaida. Tableti haikuwapokea. Bila karte haifunguki, na bila tableti kufunguka dawa za mpango hazitoki kwenye sanduku, kwa sababu kila kidonge lazima kiwe na mtu wake ndani ya mashine. Niliandika barua. Wakajibu kwa upole kwamba wageni wataingizwa katika awamu ijayo. Mtoto mwenye homa humwelezi awamu ijayo.

Walikuwa wamefanya na mambo mengine mawili. Mtu wa maabara walimhamishia kituo kikubwa pamoja na mikroskopi yetu, kwa kuwa vipimo vidogo vya haraka na tableti vingetutosha. Na zile katoni walisema tuzichome, karatasi inaleta panya. Sikuzichoma. Nilizipandisha darini jikoni kwangu, juu ya moshi, mahali tunapoweka mbegu za mahindi. Lakini mbele ya watu nilisema zimekwisha kazi.

Ukiwa umenifuata hadi hapa, unajua kilichofuata. Nyumba zilianza kuazimana karte. Si kuazimana hasa. Mama wa nyumba alimbeba mtoto wa mgeni wake, akaja na karte ya nyumba, tableti ikauliza kama mtoto huyu ni wa nyumba hii, naye akajibu kwamba ni wa nyumba. Alikuwa anajibu kweli. Mimi nilijua, na mwenzangu tunayepokezana naye zamu alijua pia. Tulinyamaza kwa sababu ndiyo njia pekee iliyobaki ya kuwapa watoto wale dawa, na kila nilipoona mtoto ametibiwa kwa karte ya watu nilijipongeza kwa moyo wangu mzuri. Nilidhani kunyamaza kunatosha.

Siku yenyewe ilikuwa siku ya soko, asubuhi, benchi limejaa hadi kwenye matope. Yule mama wa nyumba ya tatu akaingia na mtoto wa kike mgongoni, amefunikwa kitenge hadi masikioni. Anaye binti wa umri huo huo, wa miaka miwili na kitu. Nilitoa mkono kupokea karte kabla sijatoa mkono kumgusa mtoto. Hilo naliandika kwa makusudi.

"Iko moto tangu juzi," akasema. "Na anakohoa."

Tableti ikafungua nyumba, ikafungua mtoto. Mtoto wa kike, alitibiwa malaria siku kumi zilizopita, alitibiwa na mwenzangu wakati mimi nilikuwa Masisi kwenye mafunzo. Uzito wake ulikuwepo, na tableti iliniuliza kama ninataka kuutumia huohuo. Benchi lilikuwa linasukumana. Nikabonyeza ndiyo. Nikamchoma kidoleni akiwa bado mgongoni, na kipimo kikatoa mistari miwili. Kuna malaria.

Hapa nieleze, maana si vigumu. Kipimo hiki cha haraka hakimtafuti mdudu mwenyewe. Kinatafuta kitu ambacho mdudu anakiacha katika damu. Ni kama moshi wa jikoni. Moto umeuzima asubuhi, lakini mtu akiingia adhuhuri bado atanusa. Mtoto aliyetibiwa siku kumi zilizopita anaweza kuonyesha mistari miwili ilhali amepona. Zamani tungetazama tone la damu kwenye mikroskopi tujue ni moshi au ni moto. Sasa tableti ilikuwa na kanuni, na kwa mtoto aliyekunywa dawa yake yote ni kanuni nzuri: dawa ya malaria isirudiwe, tafuta chanzo kingine cha homa.

Daktari akapatikana, lakini rezo ya simu ilikuwa mbaya, picha ikaganda, ikabaki sauti. Akamsalimia mama kwa jina. Akasoma fishi iliyokuwa mbele yake. Akauliza, "Mama, ile dawa ya malaria mutoto aliimaliza yote?"

Mama akanitazama mimi. Sitasahau macho yale. Alikuwa ananiuliza ajibu vipi. Nami, ambaye kwa miezi nilikuwa nimemfundisha kujibu mashine vizuri, nikamwambia, "Jibu tu, Mama."

"Njo, aliimaliza," akasema.

Daktari akasema basi ni kikohozi, tumpe dawa ya kifua, arudi baada ya siku mbili. Nikatoa dawa ya kifua. Nikamwambia mama hongera kwa kumleta mapema. Walipotoka niliona dirishani mwanamke mwembamba aliyekuwa amesimama nje ya uzio, akimpokea mtoto kutoka mgongo wa mwenzake, na niliona jinsi alivyomwinua kwa mkono mmoja. Binti wa nyumba ya tatu ni mnene, huwezi kumwinua kwa mkono mmoja. Niliona, nikaita mgonjwa mwingine.

Kesho yake, kabla ya saa tatu, mwanamke mwembamba alipita mbele ya benchi zima akikimbia, bila karte, mtoto akitetemeka mikononi mwake kwa degedege, macho yamegeuka.

"Iko wangu," akasema. "Iko wangu, iko wangu."

Nilimpokea. Alikuwa mwepesi kama kuku. Viganja vyeupe, kope kwa ndani nyeupe kwa kukosa damu, mtoto ambaye hakuwahi kunywa kidonge kimoja cha malaria tangu Kashuga. Tableti ilikuwa mezani inamulika. Nilifungua sanduku la dawa bila kuiuliza, nikachukua sindano, na hadi leo sindano hiyo haina mtu ndani ya mashine. Degedege ilipotulia tukapanda piki, dereva mbele, mama na mtoto katikati, mimi nyuma nimeinua juu ya vichwa vyetu chupa ya serum iliyokuwa ikimtiririkia mtoto, na matope ya barabara ile unayajua kama umewahi kuipita. Mara mbili tulishuka tukasukuma. Mama hakulia. Alikuwa anamwambia mtoto majina ya watu wao mmoja mmoja, shangazi, bibi, kaka, kama anayemwonyesha wote wanaomngoja.

Hospitalini kijana wa mapokezi aliniuliza kode, ile namba ya karte.

"Hana karte," nikamwambia. "Ana malaria."

Muuguzi aliyekuwa nyuma yake aliweka kalamu yake ya bic chini, akampokea mtoto. Namshukuru hadi leo, maana kama angeniuliza swali la pili sijui ningefanya nini.

Siku ya pili mama wa nyumba ya tatu alifika kwa miguu, sahani ya ugali wa fufu na majani ya sombe imefungwa kitambaani. Mtoto alikuwa amewekewa damu lakini hajafungua macho. Wanawake wawili walikaa kwenye kitanda kimoja, bega kwa bega, chakula kati yao, hakuna anayekula. Nilikaa chini sakafuni, nikangoja nitukanwe. Ningefurahi kutukanwa.

"Mama munganga," mwenyeji akasema, bila ule ulimi wake, "sikukudanganya. Daktari aliuliza mutoto wa karte. Miye nilijibu karte."

"Najua."

"Ningesema hapana, ingefunga mulango."

"Najua, Mama."

Yule mwembamba akaongea, akinitazama usoni. "Kwetu kulikuwa munganga moja. Mbele ya kuuliza kitu, anabeba mutoto. Anamubeba hivi." Akainua mikono mitupu, akaipima hewani. "Weye haukumubeba."

 

Mtoto alifungua macho siku ya tatu. Aliishi. Lakini upande wake wa kushoto haukuamka pamoja naye, na alichelewa sana kusimama tena.

Daktari wa Goma nilimpigia kwa simu yangu mwenyewe. Nikamweleza yote. "Niliona fishi," akasema, "sikuona mutoto." Sikumkasirikia. Angalau yeye alikuwa mbali. Mimi nilikuwa karibu kiasi cha kunusa homa yake.

Msimamizi wa mpango alifika juma lililofuata na karatasi iliyokwisha kuandikwa. Ni mtu mpole, alivua kofia mlangoni. Karatasi ilisema kwamba nyumba fulani ilitumia karte yake kwa udanganyifu, na kwamba ili kulinda ubora wa taarifa karte hiyo ifutwe. Palibaki mahali pa sahihi yangu. Nyumba nzima ingepoteza daktari wake, bibi mwenye goti pamoja nao, kwa sababu walimhesabu mtoto ambaye kila mtu wa hapa angemhesabu.

"Mama, ni karatasi tu," akasema. "Ya kupanga mambo."

"Nani aliyedanganya, Papa?"

"Taarifa zinaonyesha kwamba…"

"Mashine iliuliza kama mtoto ni wa nyumba. Ni wa nyumba. Nani aliyedanganya?"

Akaeleza. Alieleza vizuri, kwa subira, kama mimi ninavyoeleza, kwamba mpango hauwezi kufanya kazi bila kujua nani ni nani, na kwamba karte moja yenye watoto wawili ni hatari kubwa kuliko kukosa karte. Na alikuwa na haki, hilo ndilo lililonipandisha damu. Ni hatari. Muuguzi aliyenifundisha aliijua hatari hiyo, akaitengenezea dawa kwa vidole viwili, akakunja kona ya karatasi. Nyinyi, nikamwambia, mmeleta jua na kioo na daktari, na hamkuleta mahali pa kukunja. Mlihesabu watu siku tatu, mkafunga mlango, na sasa mnamwita mwizi yule aliyepitisha mtoto dirishani. Na mimi niliwafungia mlango huo kwa mdomo wangu, niliuhubiri baada ya misa.

Nilipokea ile karatasi, nikafuta neno udanganyifu kwa mistari miwili, nikaandika chini yake kwa mkono: Mwenye nyumba alijibu kweli. Muuguzi hakumbeba mtoto, hakumpima, na hakuuliza mama yake ni nani ingawa alijua kuna wageni bila karte. Nikatia sahihi.

"Usiandike hivyo, Mama," akasema, na naamini alinionea huruma. "Unajiharibia."

"Nimeandika tayari."

Aliichukua, akavaa kofia. Karte ya nyumba ya tatu ilikufa baada ya majuma mawili. Unaionyesha tableti, tableti inatulia kama mtu anayejifanya hakukusikia. Mimi bado niko kazini, nadhani ni kwa kuwa hakuna mwingine anayetaka barabara hii. Awamu ijayo haijafika.

Nilizishusha katoni. Zilikuwa na harufu ya moshi na panya walikuwa wamekula pembeni, katika hilo msimamizi alisema kweli. Nikaandika fishi ya yule mtoto wa kike kwa jina la mama yake mwenyewe, nikaiweka nyuma ya bahasha ya nyumba ya tatu, nikaikunja kona. Nikaandika na wageni wengine wote waliokuja. Dawa za sanduku nazitoa, na kwenye mashine naandika kwamba zimetoka kwa wasio na karte. Wanapiga simu kulalamika. Naeleza. Mara tano naeleza, na sasa siongezi mfano.

Daktari wa kwenye kioo alinipigia siku moja kwa simu yake binafsi, si kwa tableti, akaniuliza kama ninazo zile karatasi zenye kona. Tangu hapo kila Alhamisi adhuhuri ananipigia, nami namsomea moja moja, yeye ananiuliza, na kabla ya kunipa jibu lolote anasema, "Umemubeba?" Nikisema bado, anangoja nikambebe. Kwa hiyo usiniambie kwamba simu haiwezi. Simu inaweza. Ndiyo maana nina hasira.

Juzi mama wa nyumba ya tatu alikuja na watoto wa kike wawili, mmoja kila mkono, wote wana homa. Yule wa Kashuga alikuwa anatembea, mguu wa kushoto ukichora mstari kwenye matope nyuma yake. Mama yake alikuwa pamoja nao safari hii, ndani, kwenye benchi, si kwenye uzio.

"Mama munganga," mwenyeji akasema, ulimi wake umerudi, "leo unaanza na nani? Ao unangoja mashini ikuchagulie?"

Nilinyoosha mikono kwa yule mwepesi.